Bei ya Ubao Usiomwangusha Mtu

Juzi kijana mmoja alisimamisha bodaboda mbele ya nyumba yangu hapa Kilwa Masoko. Hakushuka. Aliniuliza akiwa juu ya pikipiki, injini inanguruma: "Bibi, ubao wa mkongo siku hizi futi inaendaje?"

Nikamjibu, "Marahaba, mjukuu wangu."

Akaona haya, akazima pikipiki, akashuka na kuniamkia kama watu. Nikamuuliza anajenga nini. Akasema baraza la mbao, nje ya nyumba ya wageni, watu wakae wanywe chai wakitazama maji. Nikamuuliza, mvua italipiga? Italipiga. Jua je? Kutwa. Miguu yake itagusa udongo au itakaa juu ya mawe? Hajui. Maji ya mvua yatapita wapi? Hajui. Nikamwambia kama ni hivyo hata mimi bei siijui.

Alidhani nambania. Wallahi simbanii. Nimefanya kazi kwenye uwanja wa mbao tangu nikiwa msichana mwenye kiuno mpaka magoti yaliponiambia basi, na katika miaka yote hiyo hakuna kitu nilichokitafuta kama bei ya ubao. Si ile inayoandikwa kwa chaki ukutani. Hiyo hata mbuzi anaweza kuisoma. Ninasema ile bei ya kweli, kwamba ubao huu ukikaa nje, mvuani, watu wanaukanyaga, umenigharimu nini mpaka siku utakapooza. Ninyi mnaoingia kazini sasa, na simu zenu na vile vifaa vya kupimia unyevu, nisikilizeni kidogo. Sina haraka, na ninyi mkiwa na haraka mtajuta kama nilivyojuta mimi.

Mjini wananiita Bi Ulimi. Wageni hudhani ni kwa sababu ya umbeya. Sikatai, umbeya ninao wa kutosha, lakini jina halikutoka huko.

Zamani hizo mwanamke kwenye uwanja wa mbao alikuwa mteja au muuza chakula. Mimi nilikwenda kama muuza vitumbua. Mwenye uwanja alikuwa Mzee Kipatu, Mmatumbi wa bara, mrefu, mkavu, maneno machache. Kila asubuhi nilipompelekea chai nilimuuliza jambo. Mbona huu mweusi na ule mwekundu? Mbona huu mwaupanga na vijiti katikati? Mbona mtu huyu kalipa zaidi ya yule na mbao ni sawa? Siku moja akaweka kikombe chini akaniambia, "Binti, maswali yako yananichosha kuliko magogo. Shika kisu." Ndivyo nilivyoajiriwa. Vitumbua nikamwachia mdogo wangu, akavipika vibaya kuliko mimi na akauza kuliko mimi.

Kisu chenyewe kilikuwa kidogo, cha kumenyea muhogo. Mzee Kipatu alinifundisha kukwangua kona ya ubao, kutoa kipande chembamba kama ganda la kitunguu, na kukiweka kwenye ulimi. Ndiyo, ulimini. Msinicheke. Mti mgumu una sehemu mbili. Katikati ni kiini, kilichokomaa, chenye rangi. Pembeni, karibu na gome, ni weupe, ambao bado ulikuwa unabeba chakula cha mti. Kiini cha mkongo ni kichungu. Weupe wake hauna ladha, halafu ukikaa mdomoni unakuja utamu wa mbali, kama muhogo mbichi. Na kitu kitamu kwako ni kitamu kwa mdudu pia. Mtumbati, ambao watu wa bara wanauita mninga, ni kakasi, unakaza ulimi kama bibo bichi la mkorosho. Kuna mti unaitwa mtanga, huo msiujaribu. Mimi niliujaribu kwa kiherehere changu, nikapiga chafya siku tatu, na Mzee Kipatu kila nikipiga chafya alikuwa akisema, "Uliza tena."

Na mbao hizi za siku hizi zilizopigwa dawa, zile za kijanikijani, msilambe. Hiyo dawa ni sumu. Nisije nikaambiwa Bi Ulimi kaua watoto wa watu.

Sasa niwaambie habari ya ngazi.

Kule pwani tunakoshushia samaki kuna mteremko wa mawe, mkali, na mawe yenyewe ni makali kama kikwaruzio. Wanawake wanaokaanga samaki mjini walikuwa wakishuka pale alfajiri na ndoo tupu, wanapanda na ndoo zimejaa kichwani. Walianguka sana. Basi wakachanga wajengewe ngazi ya mbao. Kiongozi wao alikuwa Da Esha, mkubwa kwangu kwa miaka michache, mwanamke mnene mwenye kicheko kilichotangulia mwili wake kila anapokwenda. Alikuja uwanjani na wenzake wawili, wakaketi juu ya magogo. Nikawaonyesha mbao za paini, rahisi. Nikawaonyesha mkongo. Ubao mmoja wa mkongo ulikuwa unanunua mbao tatu za paini na nauli ya kurudia nyumbani juu yake.

Da Esha hakuhangaika na bei sana. Aliniambia, "Hadija, sisi mbao hatuzijui. Tunakujua wewe."

Wakalipa bei ya mkongo.

Mbao zenyewe zilikuja na lori mwezi wa Ramadhani, baada ya Alasiri. Mzee Kipatu alikuwa kaenda Lindi kutazamwa macho. Bwana wa lori, mtu ambaye sijapata kumwona tena, alikuwa na haraka ya kufuturu kwao, na mimi nilikuwa na futari ya watu tisa jikoni. Mbao zilikuwa nyekundu, nzuri, zimenyooka. Nikazigonga, zikalia vizuri. Nikazibeba moja moja kupima uzito. Lakini kisu sikukitoa mfukoni. Kwa sababu kwangu mimi kisu na ulimi vilikuwa kazi moja, na nilikuwa nimefunga. Nilijiambia, nitaonjaje ubao mchana wa Ramadhani? Saumu yangu je? Nikazipokea kwa macho. Nikamwambia fundi azichukue.

Ngazi ikajengwa, vipandio kumi na vinne. Ilikuwa nzuri, watu walikuwa wanashuka pwani hata kama hawana shughuli. Masika ya kwanza ikapita. Masika ya pili, asubuhi, Da Esha alikuwa anashuka na ndoo yake tupu, kipandio cha tisa kikavunjika chini yake kama biskuti. Alianguka juu ya mawe yale. Nyonga ikavunjika.

Niliikuta ndoo yake imebingirika mpaka majini. Yeye walikuwa wameshamchukua.

Mzee Kipatu alikwenda mwenyewe kule pwani, akarudi na kipande cha ubao uliovunjika. Akakaa juu ya gogo, akaukwangua. Juu wekundu, chini yake weupe mtupu, na ndani unga wa wadudu. Akaweka kipande kwenye ulimi. Akanipa na mimi. Haikuwa Ramadhani, nikaweka ulimini.

Kakasi. Kakasi ya bibo bichi. Mtu alikuwa amechukua mbao za weupe wa mkongo, zile za pembeni zinazotakiwa kutupwa au kuchomea chapati, akazipaka utomvu mwekundu wa mtumbati, ule unaotoka kwenye gome kama damu. Zikawa nyekundu. Macho yangu yakadanganyika. Ulimi usingedanganyika hata kidogo. Nililia pale pale uwanjani mbele ya wateja, na sikuona aibu.

Kuna jambo liliniumiza zaidi. Nilikwenda kumsimulia jirani yangu, mwalimu wa madrasa, nikitaka aniambie kwamba sikuwa na la kufanya. Akanisikiliza mpaka mwisho, akasema taratibu, "Bi Hadija, kuonja kwa haja, usimeze, ukatema, saumu yako haina neno. Mpishi haonji mchuzi?" Mpishi anaonja. Mimi mwenyewe jioni ile ile ya lori nilionja chumvi ya mchuzi wa papa kwa ncha ya ulimi, nikatema. Nimefanya hivyo kila Ramadhani ya maisha yangu. Haikunijia hata mara moja kwamba ubao nao ni hivyo hivyo. Kuuliza si ujinga, wanasema, na mimi niliyekuwa nauliza kila kitu, hilo moja sikuliuliza.

Mzee Kipatu aliwarudishia wanawake walicholipa. Hakunifukuza. Ningefurahi angenifukuza.

Da Esha alikaa ndani miezi. Siku alipoweza kutoka alikuja uwanjani na magongo mawili, kicheko hana. Nilitaka kumpigia magoti. Nilimwambia kila kitu: lori, utomvu, saumu, kisu kilichobaki mfukoni. Aliniacha nimalize. Kisha akauliza, "Hadija, ubao usiomwangusha mtu bei gani?"

Kwa mazoea ya kazi nikamtajia bei ya mkongo.

Akasema, "Hiyo ndiyo tuliyolipa."

Akageuka akaenda zake. Watu husema rahisi ghali. Sisi tulinunua ghali, na bado tukapewa rahisi. Swali lile lilinikaa kama mwiba wa samaki kooni. Kama bei ya mkongo si bei ya ubao usiomwangusha mtu, basi tunapolipa tunalipia nini?

Wenzake walitaka ngazi nyingine haraka, maana walisharudi kwenye mawe. Yeye akawaambia, "Tuna uwezo wa kujenga mara moja tu. Hatujengi mpaka huyu anijibu." Na aliyeumia kuliko wote kwa kungoja alikuwa yeye, kwa sababu hakuweza tena kushuka kwenye vyombo vya wavuvi. Alinunua samaki kule juu, kwa wachuuzi, kwa bei ya wachuuzi. Karai lake la kukaangia lilizidi kuwa dogo. Mwishoni alikuwa anakaanga pale mlangoni kwake, samaki wa kuhesabu kwa vidole. Kila nikipita nilimsalimia, naye aliitikia, na wote wawili tulijua kuna jibu ninalodaiwa.

Basi nikaufuata ubao nyumbani kwao. Nilikwenda Kiranjeranje, na kutoka hapo kwa miguu mpaka walipokuwa wanapasua mbao. Nilikuwa nimeuza mbao miaka na sijawahi kuona mti ukianguka. Nilikaa siku nne. Niliona jinsi kijiji kinavyokaa kikao kuamua mti upi ukatwe, na kamati inavyougonga kwa nyundo yenye alama, na kibali kinavyolipiwa, mti upi wa daraja gani. Niliona gogo linavyopoteza nusu ya mwili wake kabla ya kuwa ubao: magome, weupe, vumbi la msumeno, na moyo wenye ufa. Yote hayo umeyalipia na hayafiki kwako. Hapo ndipo nilipoelewa kwa nini bwana wa lori alipaka utomvu. Alikuwa anauza kile ambacho msitu umekitupa.

Mpasuaji pale alikuwa anaitwa Chande, mabega mapana, mdomo hauna breki. Yeye alikuwa juu ya gogo, mwenzake shimoni, msumeno unakwenda juu na chini. Karibu na shimo kulikuwa na mti mkubwa wa miiba umeanguka kwa upepo, umelala, haujaguswa. Nikamuuliza ni mti gani.

"Msenjele."

"Umelala hapa tangu lini?"

"Mimi nimeukuta. Na baba yangu alikuwa akisema ameukuta."

"Na haujaoza?"

"Huo haujui kuoza, mama."

"Basi mbona hamuupasui? Kibali chake rahisi kuliko mkongo."

Akashuka kwenye gogo, akanionyesha msumeno wake. Akapitisha kidole kwenye meno. "Mama, bei ya msenjele haiko msituni. Iko hapa. Ukikauka ni chuma. Unakula meno yote, ubao mmoja tu, halafu nikae siku nzima nanoa. Nani atanilipa siku ya kunoa?"

Nikamuuliza, na ukiwa mbichi? Akasema ukiwa mbichi, umekatwa leo na kupasuliwa kesho, unakubali, lakini nani anautaka? Mafundi wa mjini hawaujui, hauna jina. Watu wanataka mkongo kwa sababu baba zao walitaka mkongo. Nikachukua kipande cha ule mti mkongwe, na kipande cha kiini cha mkongo, na cha weupe wake, na cha mtumbati, na vingine, nikafunga kwenye kanga nikarudi navyo Masoko. Utingo wa basi akaniuliza kama napeleka kuni mjini, kwani mjini zimeisha.

Nyuma ya jiko langu palikuwa na kijisehemu chenye mchwa wengi, hata mche wa mpapai haukai. Nikavichimbia pale vipande vyangu, pamoja na cha paini kutoka uwanjani, vijiti saba mstari mmoja, nusu ndani ya udongo nusu nje. Vikawa vinapigwa na mvua, jua na mchwa. Kila kimoja nikakifunga kitambaa cha rangi yake nisije nikavichanganya. Nadhani mnaona tatizo linakuja. Mtaa mzima uliona Bi Ulimi kachimbia vijiti saba nyuma ya nyumba, vimefungwa vitambaa, kimoja chekundu, kimoja cheusi, kimoja cheupe, na kila baada ya mvua anachuchumaa mbele yake, anavigusa na kunong'ona. Mimi nilikuwa nahesabu mashimo ya wadudu. Wao wakasema nawaloga. Mama mkwe wangu akahamia kwa mwanawe mwingine, na kusema kweli hilo sikulisikitikia.

Mwishowe wakamtuma yule mwalimu wa madrasa aje aone. Akasimama mbele ya vijiti vyangu, mikono nyuma. Nikamweleza. Akainama, akagusa kimoja, akauliza, "Na hiki chenye kitambaa cheusi?" Nikamwambia msenjele. Akauliza, "Kwa nini mchwa wanakikwepa?" Nikasema sijui. Akasema, "Subhanallah," akakaa chini, tukaangalia pamoja mpaka adhana ya Magharibi ikamwita. Tangu siku hiyo alikuwa anapita kila wiki kuuliza hali ya wagonjwa.

Kila masika ikiisha niliving'oa na kuvikwangua. Paini isiyo na dawa haikumaliza hata mwaka. Weupe wa mkongo ukawa unga, kama ule wa kipandio cha tisa. Kiini cha mkongo kilikaa, na mtumbati ulikaa, nisiwaonee. Lakini baada ya masika tatu kile cha kitambaa cheusi kilitoka ardhini na kisu kikateleza juu yake kama nakwangua kigae. Nikakilamba. Kichungu, na kinawasha ncha ya ulimi. Weupe wake, nilioulamba kwenye kipande kingine, ulikuwa mtamu. Nikakichukua, na udongo wake, nikaenda mlangoni kwa Da Esha.

Nikamwambia, "Nimekuja kujibu."

Nikamweleza kwamba ubao usiomwangusha mtu ni kiini, si jina la mti. Kwamba wakati tunangoja, mkongo umepanda bei, hela yao sasa inatosha vipandio saba tu, na nusu ngazi haimfikishi mtu pwani. Kwamba msenjele kibali chake ni nafuu na gharama yake iko kwenye meno ya msumeno. Tukimfuata Chande wenyewe, akapasua ukiwa mbichi, na tukamfanyia jambo kuhusu meno yake, vipandio vinapatikana vyote kumi na vinne. Da Esha alikigeuzageuza kile kijiti. Akauliza jambo gani kuhusu meno. Nikasema tupa za kunolea, nzuri, za kutosha, maana Chande alikuwa ananolea tupa iliyolika, laini kama ukuta. Wanawake wakanunua tupa. Wakaongeza na fungu la papa mkavu. Chande aliniambia baadaye kwamba hajawahi kupata mteja aliyeuliza habari za meno yake.

Sasa Mungu naye ana mipango yake. Mbao zilikuja tena mwezi wa Ramadhani, tena baada ya Alasiri. Nilipoona lori linaingia nilipapasa mfuko nikakuta kisu kipo. Safari hii nilikuwa najua hukumu ya kuonja na saumu. Nikatoa kisu, nikakwangua kona ya ubao wa kwanza, na nikaweka bakuli la maji pembeni la kusukutulia. Ndipo nikasikia bajaji mlangoni. Da Esha akashuka na gongo lake moja.

Akasema, "Lete hapa."

Nikamwambia, "Da Esha, mwalimu ameshanieleza, naonja natema, saumu haina neno."

"Wewe una saumu. Mimi daktari kanikataza kufunga, nameza vidonge asubuhi, mchana na jioni kwa ajili ya nyonga hii. Mwenye mdomo ulio huru hapa ni mimi." Akanyoosha mkono. "Tena ulimi wako ulishanigharimu mguu. Lete."

Hakusema kwa hasira, na kwa hiyo iliniingia zaidi. Nikamwekea kiti. Nikawa nakwangua, yeye anaonja. Nilimweleza kichungu ni kizuri, kitamu hatukitaki. Mzee Kipatu, macho yameshafifia, alikaa pembeni akisikiliza tu.

"Chungu," akasema Da Esha. Fundi akauweka upande wa kulia.

"Chungu."

"Chungu. Unawasha huu."

Alipofika wa sita akakisukumasukuma kipande mdomoni, akatema. "Huu una utamu nyuma." Nikaugeuza. Kwenye ukingo mmoja, upana wa kidole, kulikuwa na weupe ambao mimi sikuuona. Mzee Kipatu akacheka peke yake pale alipokaa, mara ya kwanza baada ya siku nyingi. Tukaukata ukingo ule ukabaki mwembamba, ukawa wa kushikia mkono.

Alionja mbao zote. Ule wa kwanza kabisa aliuchora alama kwa mkaa na kumwambia fundi, "Huu uwe wa tisa, kuhesabu kutoka juu."

Yale yaliyobaki ni kazi, nanyi myashike, maana mbao nzuri zikijengwa vibaya ni kama kupikia pilau kwenye sufuria iliyotoboka. Tulitoboa matundu kwanza kabla ya kukaza, kwa sababu msenjele ukiulazimisha msumari unapinda au unapasua ubao. Tukatumia bolti zisizoshika kutu, maana chumvi ya pwani na mti mgumu vyote vinakula chuma. Kati ya ubao na ubao tuliacha upenyo wa unene wa sarafu, maji yapite. Hakuna mguu wa ngazi uliogusa udongo, yote ilikaa juu ya mawe. Na bei? Ukijumlisha kibali, kupasua, tupa, papa, lori na bolti, ubao wa msenjele ulikaribia ule wa mkongo. Haukuwa rahisi. Ila safari hii ningeweza kumwambia mtu kila senti ilikwenda kufanya nini.

Ngazi ilikwisha baada ya Idi. Asubuhi wanawake wote wakaja na ndoo zao, na hakuna aliyetaka kutangulia. Da Esha akanipa gongo lake nilishike. Miaka ile yote hakuwa ameshuka pwani. Akashika ubao wa mkononi akaanza, kipandio kimoja kwa mguu mzima, kisha ule mwingine unaufuata. Mimi nilibaki juu, nimeshika gongo la mtu. Nilikuwa nahesabu. Sita. Saba. Nane.

Kwenye cha tisa akasimama. Alama ya mkaa ilikuwa bado inaonekana. Akainua ule mguu mbovu, akaukanyaga ubao, akaukanyaga tena kwa nguvu. Kisha akageuza uso akanitazama kule juu.

"Mchungu," akasema, akaendelea kushuka kununua samaki.